Cy Grant: mtu aliyeimba habari kwenye runinga ya Uingereza

Karibu kila anayeandika kuhusu Cy Grant, mwigizaji na mwimbaji mzaliwa wa Guyana, huanza na sifa moja: kwamba alikuwa mtu mweusi wa kwanza kuonekana mara kwa mara kwenye runinga ya Uingereza. Sifa hiyo ni ya haki, ila imebebeshwa mzigo mkubwa kuliko uwezo wake. Msomaji akiishia hapo atadhani kwamba mlango ulifunguliwa, Grant akaingia, wengine wakafuata. Mambo hayakwenda hivyo, na ili kuelewa yalivyokwenda inabidi tuanze kwa kuuliza alikuwa wa kwanza katika lipi hasa.

Wapo waliomtangulia. BBC ilipozindua matangazo yake ya runinga kutoka Alexandra Palace, London, tarehe 2 Novemba 1936, kati ya wasanii wa siku hiyo walikuwamo Buck and Bubbles, Wamarekani weusi wawili waliokuwa wakipiga piano na kucheza dansi. Winifred Atwell, mpiga piano hodari kutoka Trinidad, alipewa kipindi chenye jina lake kwenye ITV, runinga ya kibiashara iliyoshindana na BBC, mwaka 1956. Waimbaji na waigizaji wengine weusi walikuja, wakaonyesha kazi yao, wakapigiwa makofi, wakaondoka. Walikuwa wageni kwenye jukwaa.

Grant aliingia kwa mlango mwingine. Alikuwa mwanakikosi wa kipindi cha mambo ya siku, kile kinachotazamwa na familia nzima jioni za kazi. Kipindi chenyewe kiliitwa Tonight, kilianza tarehe 18 Februari 1957, na mtangazaji wake mkuu alikuwa Cliff Michelmore. Saa yake ya kuonyeshwa ina kisa chake. Hadi mwezi huo wa Februari runinga zote Uingereza zilizimwa kati ya saa 12 na saa 1 jioni, kwa agizo la serikali, ili wazazi wapate nafasi ya kuwalaza watoto. Kampuni za ITV zilizoanza kurusha matangazo mwaka 1955 ziliishi kwa pesa za matangazo ya biashara, na saa nzima ya giza kila jioni iliwaumiza. Walilalamika mpaka agizo likafutwa. BBC ikajikuta na nafasi ya kujaza, ikaijaza kwa kipindi chepesi cha mazungumzo, ripoti fupi, mahojiano, na wimbo. Mwenye kuimba alikuwa Grant, na gitaa lake.

Alichoimba ni habari. Tukio la siku hiyo, liwe mzozo bungeni au kisa cha mtaani, liligeuzwa beti za kalipso na kuimbwa mubashara jioni ileile. Kwa msomaji wa Kiswahili jambo hili si geni, kwa sababu malenga wetu wamekuwa wakijibu habari za wiki kwa mashairi magazetini tangu enzi za Mambo Leo. Kalipso ya Trinidad ina desturi ya karibu sana na hiyo: mwimbaji hutunga mwenyewe, huchagua lawama na sifa mwenyewe, na hadhi yake inatokana na ukali wa maneno yake. Mwaka 1948 meli ya Empire Windrush ilipotia nanga Tilbury ikiwa na mamia ya wahamiaji kutoka Karibea, Lord Kitchener, mmoja wa nyota wa kalipso, aliimba mbele ya kamera wimbo wake wa kuisifu London kabla hajaijua. Kufikia 1957 muziki huo ulikuwa umeshika kasi duniani kwa sababu ya santuri ya Harry Belafonte ya mwaka uliotangulia. Uamuzi wa BBC kutia kalipso ndani ya Tonight ulikuwa wa kibiashara kama ulivyokuwa wa kisanii.

Lakini nani alitunga maneno? Hapa ndipo kazi yote ya Grant inapoanza kueleweka. Beti nyingi ziliandikwa na Bernard Levin, mwandishi wa habari Mwingereza mwenye kalamu kali. Grant alizipokea, akazitafutia sauti na mdundo kwa muda mfupi uliobaki kabla ya kamera kuwaka, akaziimba. Ni kazi ngumu, na walioijua waliiheshimu. Hata hivyo, kalipso iliyoandikwa na mtu mmoja na kuimbwa na mwingine imeshang'olewa kwenye mzizi wake. Watazamaji walimwona mtu wa Karibea akitoa maoni juu ya Uingereza, kumbe maoni yalikuwa ya Mwingereza, na mtu wa Karibea alikuwa ameyavalisha wimbo.

Silisemi hili kumpunguzia Levin wala Grant. Nalisema kwa sababu ukiifuata kazi ya Grant tangu ujana hadi uzeeni ukiwa na swali hilo moja mkononi, yaani maneno haya ni ya nani, miaka ambayo kwa kawaida husimuliwa kama orodha ya vyeo na filamu inapata mpangilio.

Alizaliwa tarehe 8 Novemba 1919 katika kijiji cha Beterverwagting, Demerara, kwenye koloni la Guiana ya Uingereza ambalo leo ni nchi ya Guyana. Kijiji hicho kilinunuliwa kwa pamoja na watu waliotoka utumwani, katika miaka ya mwanzo baada ya utumwa kukomeshwa kwenye makoloni ya Uingereza. Baba yake alikuwa mchungaji wa Kanisa la Moravian, kanisa lilelile ambalo wamisionari wake walifika Rungwe mwaka 1891 na ambalo wasomaji wa Mbeya na Tabora wanalijua vizuri. Mama yake alifundisha muziki. Gitaa alilijua tangu utotoni, wala hakujifunza London kwa ajili ya kamera.

Vita Kuu ya Pili ilimkuta akiwa kijana mwenye elimu kwenye koloni lisilo na nafasi. Kabla ya vita, Jeshi la Anga la Uingereza lilikuwa na kanuni iliyotaka maofisa wawe watu wa asili halisi ya Ulaya. Vita ilipoanza mwaka 1939 kanuni hiyo iliwekwa kando, na idadi ya marubani waliokuwa wakifa iliwafanya wakubwa wa jeshi wageukie makoloni. Grant alijiunga mwaka 1941. Alianza mafunzo ya urubani, kisha akahamishiwa kwenye kazi ya kuongoza njia ya ndege, na yeye mwenyewe alishuku kwamba rangi yake ilihusika. Alifuzu, akapewa cheo cha uofisa, akapangwa Kikosi cha 103 kwenye kambi ya Elsham Wolds, Lincolnshire.

Kuongoza njia ndani ya ndege ya kivita ya Lancaster kulikuwa kazi ya hesabu gizani. Wahudumu walikuwa saba. Mwongoza njia aliketi nyuma ya rubani, mbele ya meza ndogo yenye ramani, taa hafifu na pazia la kuzuia mwanga usionekane nje, akipima upepo, kasi na muda, ili ndege ifike mahali ilipotakiwa na irudi. Kati ya watu wapatao 125,000 waliohudumu kwenye ndege za mabomu za Uingereza, zaidi ya 55,000 walikufa. Usiku wa kuamkia tarehe 26 Juni 1943, ikiwa ni safari yake ya tatu tu, ndege ya Grant ilitunguliwa ikitoka kushambulia Gelsenkirchen, ikaanguka Uholanzi, eneo la Haarlemmermeer. Aliruka kwa mwavuli na kutua shambani. Mchana wake akakamatwa.

Alikaa miaka miwili kifungoni, sehemu kubwa kwenye kambi ya Stalag Luft III huko Sagan, mji ambao sasa uko Polandi. Hiyo ndiyo kambi ambayo Machi 1944 wafungwa 76 walitoroka kwa handaki, na 50 kati yao wakauawa baada ya kukamatwa. Mwanzoni mwa kifungo chake Wajerumani walimpiga picha, na picha hiyo ikachapishwa kwenye Völkischer Beobachter, gazeti la chama cha Nazi, na chini yake maelezo kwamba huyu ni mwanajeshi wa anga wa Uingereza wa jamii isiyojulikana. Halikuandikwa jina wala cheo. Sura ilionyeshwa, mtu akafutwa. Miaka zaidi ya 60 baadaye Grant aliyachukua maneno yale ya dharau akayafanya jina la kitabu cha kumbukumbu zake za vita.

Kambini aliamua kwamba akitoka atasomea sheria, awe na kitu cha kuwasaidia watu wa makoloni. Akatimiza. Mwaka 1950 aliidhinishwa kuwa wakili kupitia Middle Temple, moja ya vyama vinne vya kale vya mawakili London. Kilichofuata kinapaswa kumkasirisha yeyote: ofisa wa vita, mfungwa wa vita, mwanasheria aliyehitimu, hakupata ofisi ya mawakili ya kumpokea. Akaingia kwenye uigizaji ili apate mkate, na pia, kwa maelezo yake, ili anoe matamshi yake akisubiri siku ya kuingia mahakamani. Siku hiyo haikufika.

Uigizaji ulimpokea haraka. Mwaka 1951 alikuwa kwenye kundi la Laurence Olivier, mwigizaji mashuhuri wa Uingereza, wakicheza Shakespeare na Shaw London na kisha New York, katika michezo miwili inayomhusu Cleopatra. Ukisoma hilo juujuu utadhani ngazi imeshawekwa. Lakini nafasi za mwigizaji mweusi kwenye majukwaa ya London zilikuwa za mtumwa, askari, mjumbe na mtu wa pembeni, nazo zilikuwa chache. Hapo ndipo alipolirudia gitaa. Aliimba kwenye kumbi za starehe na kwenye redio, nyimbo za jadi za Karibea na za kwingineko, na sauti yake tulivu ikawa inamwingizia kipato ambacho jukwaa halikumpa.

Mwaka 1956 alicheza kwenye tamthilia ya BBC iitwayo Man from the Sun, moja ya kazi za mwanzo za runinga kuwaonyesha wahamiaji wa Karibea kama watu wenye kazi, nyumba na matatizo yao, akiwa pamoja na Errol John, Nadia Cattouse na Earl Cameron. Mwaka uliofuata Granada, moja ya kampuni za ITV, ilimpa nafasi kuu katika Home of the Brave, mchezo wa Arthur Laurents kuhusu askari anayevunjwa moyo na ubaguzi wa wenzake. Mwaka huohuo alionekana kwenye filamu ya Sea Wife pamoja na Richard Burton na Joan Collins. Filamu hiyo inastahili kutazamwa kwa makini kwa ajili yake. Watu wanne wako kwenye mashua ya mpira baada ya meli yao kuzamishwa katika vita. Grant ndiye pekee anayejua kwamba mwanamke aliye pamoja nao ni mtawa, ndiye anayewaweka hai kwa ujuzi wake, na ndiye anayeliwa na papa kwa sababu ya chuki ya mzungu mwenzao. Anayejua siri anakufa nayo, na hadithi inaendelea na mapenzi ya wawili weupe. Hata jina hapewi ndani ya mashua. Wanamwita Namba Nne.

Kwa hiyo alipoingia studio ya Tonight, Februari 1957, alikuwa mwigizaji mwenye uzito, mtu wa miaka 37 aliyepita vitani na chuo cha sheria. Watazamaji hawakuambiwa hayo. Walimjua kama yule kijana mtanashati wa kalipso.

Na walimpenda, hilo halina ubishi. Kulikuwa na idhaa mbili tu za runinga, na kipindi kilitazamwa na mamilioni. Watu walimtambua madukani na barabarani. Kwa wahamiaji waliokuwa wakikutana na mabango ya kukataa wapangaji weusi, kuiona sura kama yao kila wiki ndani ya kipindi cha heshima lilikuwa jambo kubwa. Simulizi za watoto wa wakati huo zinakubaliana kuhusu kelele zilizopigwa nyumbani mtu mweusi alipotokea kwenye kioo, familia ikiitana kuja kuona.

Tuiangalie sasa nchi iliyokuwa nje ya studio. Mwaka 1958 BBC hiyohiyo ilianza kurusha The Black and White Minstrel Show, onyesho la waimbaji wa kizungu waliojipaka masizi usoni wakijifanya watu weusi. Liliendelea hadi 1978, na malalamiko rasmi ya wanaharakati mwaka 1967 hayakuling'oa. Mwishoni mwa Agosti mwaka huohuo wa 1958, vijana wa kizungu waliwavamia wakazi wa Karibea mitaani Notting Hill, London, kwa siku kadhaa. Grant alikuwa bado anaimba kwenye Tonight. Shirika lililompa kiti mtu mweusi halisi mapema jioni lilikuwa pia linawalipa wazungu kuvaa ngozi yake kama vazi la kuchekesha. Anayedai kwamba Grant alivunja kizuizi lazima aeleze miaka hiyo 20 ya masizi.

Baada ya miaka miwili na nusu hivi, Grant aliondoka Tonight. Hakufukuzwa. Aliona kwamba akikaa zaidi hatakuwa kitu kingine chochote machoni pa watu, kwa kuwa kila alipokwenda waliomwita walitaka kalipso, hata alipoitwa kuigiza. Naona huu ndio uamuzi mkubwa kuliko yote katika kazi yake, na ndio unaoeleza kwa sehemu kubwa kwa nini jina lake leo halitajwi sana. Umaarufu wa runinga unataka kurudiwa. Angekaa miaka kumi angekuwa sehemu ya samani za taifa. Alichagua kuwa msanii huru mwenye kazi za kubahatisha.

Nafasi aliyoiacha ilijazwa upesi. Miaka ya 1962 na 1963, kwenye kipindi cha kejeli cha That Was the Week That Was, kalipso za matukio ya wiki ziliimbwa na Lance Percival, mchekeshaji wa kizungu. Muziki ukabaki, watu wake wakaondolewa. Kuhusu kusoma habari kwa sauti ya kawaida, bila gitaa, ITN, shirika la habari la ITV, ilimwajiri Trevor McDonald kama ripota mwaka 1973, na Moira Stuart alianza kusoma taarifa ya habari ya BBC mwaka 1981. Miaka 24 ilipita kati ya mtu mweusi kuruhusiwa kuimba habari na mwanamke mweusi kuruhusiwa kuisoma kwenye shirika hilohilo.

Katika miaka ya 1960 Grant alifanya kazi nyingi zilizotawanyika. Mojawapo imezama kabisa ingawa sauti yake ilipita mbele ya wote. Mwaka 1964 alikuwa kwenye mchezo wa muziki wa Anthony Newley na Leslie Bricusse uliokuwa ukizunguka majiji ya Uingereza, na ndani yake aliimba kwa mara ya kwanza jukwaani wimbo uitwao Feeling Good. Mwaka uliofuata Nina Simone aliurekodi, na tangu hapo wimbo ni wake duniani kote. Mhusika aliyekuwa akiuimba kwenye mchezo hakuwa na jina. Kwenye orodha ya wahusika aliandikwa tu kwa neno la zamani la kumtaja mtu mweusi. Ni mara ya tatu sasa: gazeti la Kijerumani, mashua ya Sea Wife, na hapa.

Katikati ya muongo huo alicheza Othello, jemadari mweusi wa mchezo wa Shakespeare, kwenye ukumbi wa Phoenix, Leicester. London, Olivier mwenyewe, aliyemwajiri mwaka 1951, alikuwa akiicheza nafasi hiyohiyo kwenye National Theatre akiwa amepakwa rangi nyeusi mwili mzima, na utendaji huo ukafanywa filamu na kusifiwa. Wa Leicester ulionekana na waliokuwapo.

Kisha kikaja kitu kilichomfanya adumu. Mwaka 1967 Gerry na Sylvia Anderson, watengenezaji wa filamu za vikaragosi vinavyochezeshwa kwa nyuzi, walianza mfululizo mpya ulioitwa Captain Scarlet and the Mysterons, wenye sehemu 32. Hadithi iko mwaka 2068. Shirika la ulinzi wa dunia linaendeshwa kutoka kituo kinachoelea angani, na maofisa wake wana majina ya rangi. Kwenye meza ya mawasiliano na kompyuta, mkono wa kulia wa kamanda, ameketi Luteni Green, mtu mweusi kutoka Trinidad. Sauti ni ya Grant.

Namna kazi hiyo ilivyofanyika inafaa kuelezwa, kwa kuwa inahusu swali letu. Waigizaji hawakuwa wakiitazama picha na kuisemea. Sauti zilirekodiwa kwanza, bila kikaragosi chochote mbele yao. Kisha mkanda ule ulichezwa studio, na mawimbi ya sauti yakageuzwa kuwa umeme uliopita kwenye nyaya nyembamba hadi ndani ya kifua cha kikaragosi, ambako kifaa kidogo kilifungua na kufunga midomo kwa kufuata silabi. Kwa maana halisi kabisa, sauti ya Grant ndiyo iliyousogeza mdomo wa Luteni Green. Mwaka 1967 mwigizaji mweusi wa Uingereza aliweza kuwa ofisa mwenye madaraka, mtulivu, mwenye elimu, asiyechekesha wala kutumikia chai, sharti awe wa plastiki na mwili wake usionekane. Grant mwenyewe aliipenda kazi ile na aliizungumzia kwa furaha hadi uzeeni. Aliona ndani yake hadithi ya kidini ya vita kati ya wema na uovu, jambo ambalo kwa mtoto wa mchungaji halishangazi.

Sasa tunaweza kujibu kwa nini anakumbukwa na wapenzi wa vikaragosi kuliko watu wa historia ya habari. Sababu kubwa ni ya kiufundi. Tonight ilirushwa mubashara. Kurekodi kipindi kizima kulikuwa ghali, na kanda za video zilipokuja zilikuwa za bei kubwa kiasi kwamba zilifutwa na kutumiwa tena. Hadi mwishoni mwa miaka ya 1970 BBC haikuwa na utaratibu madhubuti wa kuhifadhi vipindi vyake vyote. Kalipso iliyoimbwa Jumanne ilikuwa imekufa Jumatano, kwa mwimbaji na kwa taifa. Captain Scarlet ilipigwa kwenye filamu ya rangi kwa lengo la kuuzwa nje, hivyo nakala zake zilitunzwa kama mali. Mamilioni walioona sura yake hawakuachiwa kitu cha kuwaonyesha watoto wao, na waliosikia sauti yake tu wanaweza kuisikia hata leo.

Mwaka 1973 alionekana Hollywood ilipoleta kamera Afrika, kwenye Shaft in Africa, filamu ambayo sehemu yake ilipigwa Ethiopia mwaka mmoja kabla ya Haile Selassie kupinduliwa. Alicheza Emir anayemkodi mpelelezi. Ni kazi nzuri ya siku chache, nasi tusonge mbele.

Kilichokuwa kikimsumbua wakati huo kilikuwa kikubwa zaidi ya nafasi moja au mbili za filamu. Mwaka 1974, pamoja na John Mapondera wa Zimbabwe, alianzisha Drum Arts Centre London, taasisi ya kuwapa wasanii weusi mafunzo, jukwaa na wasimamizi wao wenyewe. Mantiki yake ilikuwa wazi kwa mtu aliyeishi kwa zaidi ya miaka 20 akitamka maneno ya wengine: mwigizaji mweusi hawezi kupata nafasi tofauti mpaka wawepo waandishi, waongozaji na wenye kumbi wanaomfahamu. Pesa zilikuwa haba na mivutano haikukosekana, kama ilivyo kwa taasisi za namna hiyo kila mahali.

Mwaka 1977 akafanya kile ninachokiona kuwa kilele chake kama mtendaji. Alisimama peke yake kwenye National Theatre, bila gitaa, akatamka shairi refu la Aimé Césaire wa Martinique kuhusu mtu anayerudi kwenye kisiwa chake cha kuzaliwa na kukubali weusi wake baada ya kufundishwa kuuchukia. Maneno bado yalikuwa ya mtu mwingine, lakini safari hii aliyachagua mwenyewe, na aliyeyaandika alitoka kwenye bahari ileile aliyotoka yeye. Alizunguka nalo Uingereza kwa miaka miwili. Ukumbi wa watu wachache baada ya ukumbi wa watu wachache, mtu aliyewahi kuingia sebule za mamilioni alisema alichotaka kusema.

Katika miaka ya 1980 aliongoza matamasha ya Concord, zaidi ya 20, yaliyofanyika katika majiji na mikoa ya Uingereza, yakiwakutanisha wasanii wa jamii mbalimbali na wenyeji wa maeneo hayo. Yalianza mwaka uleule ambao Brixton, eneo la London, iliwaka moto kwa mapambano kati ya vijana na polisi, na Grant hakuona kuwa mambo hayo mawili hayahusiani. Aliandika pia vitabu, kimoja kikiwa historia ya ngoma za chuma za Trinidad.

Kazi yake ya mwisho haikuwa ya jukwaani hata kidogo. Familia moja ya Uholanzi, ambayo mmoja wao alikuwa mtoto alipoiona Lancaster ya Grant ikianguka karibu na kwao, ilikuwa ikifuatilia historia ya ndege ile na watu wake. Walimtafuta, wakakutana, na kutokana na ukaribu huo ukazaliwa mradi wa kuwatafuta wahudumu wote wa ndege wa Karibea waliopigana upande wa Uingereza. Walikuwa zaidi ya 400. Vitabu vya vita viliwapita kimya, na wengi wao walirudi makwao au wakabaki London wakifanya kazi za chini ya uwezo wao. Grant akiwa na miaka zaidi ya 80 alikusanya majina, vyeo, vikosi, tuzo na tarehe za vifo, mmoja baada ya mwingine, vikawekwa kwenye intaneti ili ndugu na wajukuu waweze kuongeza wanachokijua.

Alifariki London tarehe 13 Februari 2010, akiwa na miaka 90. Nyaraka zake, zikiwamo barua, picha, maandishi ya vipindi na kumbukumbu za Drum na Concord, zimehifadhiwa The London Archives (zamani London Metropolitan Archives), ambako mtafiti yeyote anaweza kuomba kuzisoma. Kwa anayetaka kumwona akiigiza, Sea Wife inapatikana bado. Kwa anayetaka kumsikia, sehemu zote 32 za Captain Scarlet zipo, na Luteni Green anasikika karibu kila anapohitajika mtu wa kueleza hali ilivyo.